Idrisa Étienne Vasseur, Mpiga Picha za Sinema

Umetimia mwaka leo tangu ulipotutoka, Idrisa, hapa nyumbani Matrah, tarehe 9 Machi 1969.

Kwenu Ufaransa ulipiga picha za sinema miaka ishirini na mbili. Ukaja Unguja kwa filamu moja, ukasilimu, ukamuoa Nasriya wetu. Kiswahili ulijifunza kwa mama mkweo, ndiyo maana ulisema kama bibi kizee. Paris walipoandika kuwa kazi kubwa inakungoja, uliikunja barua. “Kule nna kazi,” ulisema. “Hapa nna watu.”

Tulipokimbia Unguja mwaka 1964 uliacha nguo, ukabeba kamera. Ndani yake mlikuwa na mkanda ambao haujasafishwa: baba mkweo, Mzee Bakhit, uliyempiga picha siku chache kabla hajauawa. Picha yake nyingine hatukuwa nayo.

Afisa mmoja bandarini hapa Matrah aliizuia kamera. Miaka mitatu ulikwenda kila Jumamosi kuiomba, kwa kanzu safi, bila ya kugombana na mtu.

Walipokupa, mkanda uliupeleka kwa rafiki yako Paris akausafishe. Ulirudi mweusi mtupu. Joto la ghala lilikwisha kuuharibu. Ulikaa na habari hiyo siku kumi. Kisha ukamwendea mama mkweo.

“Mama, picha hazikutoka. Lakini mimi nilikuwa natazama. Ntakwambia.”

“Basi nambie,” alijibu. “Anza na alivyovaa.”

Ukamweleza: kofia aliyoisukuma nyuma, jua la saa kumi shavuni, mkono aliouinua kukukataza, halafu akaushusha, akacheka. Tangu hapo kila Ijumaa, tukisha kula, alikuita umweleze tena. Hukuongeza neno wala hukupunguza. Alipokutega, “Fimbo alikuwa nayo?” ulimjibu, “Hapana, mama. Fimbo hakuwa nayo.”

Filamu nyingine hukupiga. Homa ilikuchukua kwa siku nne.

Siku hizi Ijumaa anaitwa binti yako Hamdiya amweleze bibi yake. Anajitahidi. Lakini hakumbuki jua lilikuwa shavu la upande gani, na hapana wa kumuuliza.

Unakumbukwa na mkeo Nasriya, binti yako Hamdiya, mama mkweo Bi Kheiria na shemegi yako Marhoon.

Mola akulaze pema. Umo nyoyoni mwetu maisha yetu yote.