Filamu ya Mzee Vojta Yafika Nanganga

Jumamosi. Upepo wa vumbi tangu asubuhi, na mimi nimenuna tangu saa nane mchana.

Huu ni mwezi wa tatu naandika maisha ya Mzee Vojta, Mcheki kutoka Ulaya aliyekuja Nachingwea kuishi na binti yake, daktari wa hospitali ya misheni. Ujanani alitunga na kuongoza filamu za kuchekesha, kisha akaacha kwa miaka mingi. Nikimuuliza kwa nini, ananijibu kwa Kiingereza chake cha kuokoteza kwamba kamera ilikuwa nzito.

Mimi ni mwalimu. Nataka majibu.

Leo tulikwenda Nanganga kuonyesha filamu yake moja kwenye ukumbi wa parokia. Inahusu mwoka mikate anayejifanya kiziwi ili asiitwe kwenye mikutano ya chama. Wanaongea Kicheki, maandishi ya Kiingereza yanapita chini, mimi nimeshika maiki natafsiri. Nilijiandaa wiki nzima. Kila utani niliutafsiri, kisha nikaeleza unachekesha wapi.

Hakuna aliyecheka.

Mzee alikaa mbele, anatazama viatu vyake. Vijana walishatoa simu. Nikaongeza sauti, nikaongeza maelezo. Ndipo bibi mmoja wa Kimwera, aliyeacha kupepeta ufuta wake ili aje, akasema bila hata kusimama, "Mwalimu mwanangu, hebu nyamaza kidogo. Tunamwona wenyewe."

Nikazima maiki. Pale ukutani mkutano ulikuwa umemfuata mwoka mikate hadi dukani kwake. Mwenyekiti anahutubia, naye anakanda unga, akiitikia kwa kichwa mahali pasipostahili. Bibi akaanza kucheka. Benchi lake likafuata, kisha ukumbi mzima. Wanawake walijifuta machozi kwa kanga.

Nilipaswa kufurahi. Niliona aibu, na aibu ikageuka hasira.

Njiani kurudi sikumsemesha mzee. Yeye ndiye aliyeanza.

"Wakubwa wa chama kule kwetu waliniambia niweke mtu wa kueleza filamu, watu wasije wakacheka pasipotakiwa. Nilikataa."

Wakamfungia kazi. Akawa anachochea makaa kwenye tanuri la kupasha joto hospitali moja ya mjini kwao. Usiku aliandika, asubuhi akamsomea mkewe. Mkewe alifariki kabla mzee hajaruhusiwa kurudi kwenye filamu.

"Yeye alikuwa wa kwanza kucheka siku zote," alisema. "Kama bibi yule."

Miezi yote hii nimemuuliza, hakuniambia. Leo sikuuliza, kaniambia.

Jioni nimesoma kurasa zangu zote. Kila kichekesho chake nimekieleza mpaka kimekauka, na mzee mwenyewe hayumo. Nimezichukia. Nimejichukia na mimi kidogo.

Jumatatu nitakwenda kwake bila orodha ya maswali.

Nitaweza kweli kukaa kimya?