Rejeta Ndogo ya Gari la Mama

Jumamosi, 5 Julai

Asubuhi Mama nusura agonge nguzo ya geti letu wenyewe. Mwendo ulikuwa wa kobe, lakini kioo cha mbele kilikuwa kimejaa ukungu kwa ndani, na soksi anayofutia ilikuwa imelowa chapachapa. Nilikuwa nimekaa kando yake. Nikapiga kelele — nguzo! Akakanyaga breki. Kati ya gari na nguzo hata daftari langu la hesabu lisingepita.

Zulia la upande wangu halijakauka wiki ya tatu sasa. Gari zima linanuka utamu-utamu, kama dawa ya kikohozi ya watoto.

Bibi alikuwa kibarazani. (Ni mama yake Mama, tunaishi naye. Baba yuko kazini mbali, hurudi mwisho wa mwezi.) Akasema gari letu limeanza kukojoa kitandani, litafutiwe dawa. Mama akamjibu kwamba fundi wa mjini ana foleni ndefu, na yeye hana muda. Kweli hana. Jumatatu ya tarehe 14 anahama zahanati ya hapa jirani, anaanza kazi ile ya mlimani — muuguzi mkuu! Ataondoka kila siku alfajiri, njia ya kona tupu, baridi yote hii. Kwa kioo kile hafiki.

Bibi akasema, kama anayejisemea: fundi si unaye, mmelala tumbo moja.

Mama akaingia ndani.

Huyo wa tumbo moja ni Mjomba, mdogo wake Mama, kitinda mimba wa Bibi. Mama humwita Nusunusu. Banda la kuku alilotujengea lina kuta tatu. Geti lina bawa moja la bluu na jingine la kutu. Kitanda cha Bibi mguu wake wa nne hadi leo ni tofali. Na mwaka jana aliifungua cherehani ya Mama ili aitie mafuta, akapata kibarua kwingine, akaiacha kwenye beseni miezi miwili. Tangu hapo wao wawili ni salamu tu. Sasa gereji aliyokuwa akifanyia kazi imefungwa, analala sebuleni kwa rafiki yake.

Jioni amekuja. Bibi ndiye aliyemtumia ujumbe — najua, maana mimi ndiye niliyeuandika. Akavua viatu mlangoni. Shikamoo, dada. Marahaba, akaitikia Mama huku anatazama dirisha. Kisha akatoa masharti, wima, kama anayemsomea mgonjwa dawa zake. Akimaliza hadi skrubu ya mwisho kabla ya Jumatatu ile, chumba cha uani ni chake, na banda la gari alifanye gereji yake. Akiachia katikati, asilete tena spana zake kwenye geti hili, hata Bibi alie machozi ya damu.

Mjomba akauliza kama atapata msaidizi baada ya saa za shule. Mimi! nikasema, kabla hajafika mwisho wa sentensi.

Jumatatu, 7 Julai

Nilimaliza kazi ya nyumbani wakati wa mapumziko, nikakimbia kutoka shule.

Kumbe gari lina rejeta mbili! Kubwa iko mbele, kazi yake kupoza injini. Ndogo imefichwa nyuma ya dashibodi, ukubwa wake kama kamusi. Maji ya moto ya injini hupita ndani yake, feni inapuliza, joto linakuja miguuni na kukausha kioo. Hiyo ndiyo hita. Yetu imetoboka, ndiyo maana ya unyevu na ule utamu. Mjomba ana nyingine, aliitoa kwenye gari bovu la aina hii hii. Ni ya shaba. Ameisugua mpaka inang'aa.

Tulimwaga maji yote kwenye beseni. Ya kijani. Mjomba akaniambia nilifunike haraka: ni matamu, na paka akiyalamba hafiki kesho. Mpira mmoja wa maji uligoma kutoka. Hakuuvuta, aliupasua kwa kisu. Mpira utanunuliwa, akasema, ukivunja bomba umejitafutia msiba.

Halafu akanionyesha jambo lake. Alichukua kipande cha kadibodi, akachora juu yake dashibodi nzima kwa penseli — usukani hapa, redio pale — na kila skrubu anayoitoa anaichomeka kwenye mchoro, mahali pake hasa. Anaiita ramani. Anasema kichwa chake husahau, kadibodi haisahau.

Mimi pia nimechora kwenye daftari langu, na kila skrubu inayotoka naitia nukta mahali pake. Kwa rula.

Jumanne, 8 Julai

Mtihani wa jiografia. Nimechelewa kurudi.

Mjomba peke yake ametoa redio na kasha la mbele ya abiria. Mama amepita bandani mara mbili, akisingizia kamba ya kuanikia nguo. Nilimsikia akimuuliza Bibi: bado yupo? Bibi akasema yupo, na hata chai hajaomba. Labda anaumwa, akasema Mama.

Jumatano, 9 Julai

Dashibodi imetoka! Tuliibeba wawili kama jeneza la mtu mfupi. Ndani ni nyaya, nyaya, nyaya. Mjomba anajua kila mmoja unakokwenda. Rejeta ya zamani ilikuwa na ukoko wa kijani kwenye kona, kama meno yasiyopigwa mswaki.

Ananiita Injinia. Sikumkataza.

Tulipokuwa tunapumzika nikamuuliza kwa nini huwa hamalizi. Niliuliza kwa adabu. Hakukasirika. Akafuta spana ambayo tayari ilikuwa safi. Akasema mwanzo wa kazi ni mtamu, kila mtu anakusifu kwa kuthubutu tu. Lakini ukifika mwisho ndipo inapoonekana kama uliweza au hukuweza. Kitu kilichobaki nusu hakuna awezaye kusema kimeharibika. Kimebaki nusu tu.

Nimelifikiria hilo jioni nzima. Mimi nina insha mbili sijawahi kumpa mwalimu.

Mama amepita tena. Akasema banda limekuwa jalala, na kwamba mtu atakayelala chumba cha uani ajue yeye hapendi uchafu. Atakayelala! Nimelisikia neno hilo vizuri kabisa.

Alhamisi, 10 Julai

Nimefanya jambo.

Mjomba alikwenda kutafuta sponji ya kuzungushia rejeta mpya. Nikaona nifagie banda kabla Mama hajarudi, alikute safi, apate neno jema la kumwambia mdogo wake. Nikafagia vizuri. Nikainua ramani ili nipitishe ufagio chini yake. Kadibodi ikajikunja. Skrubu zikamwagika. Nilizihesabu, kumi na moja.

Nikazirudisha kwa kufuata daftari langu, kila tundu na skrubu yake. Zilienea zote, hakuna iliyozidi wala iliyopungua. Zinafanana. Nyingine ndefu kidogo, nyingine fupi kidogo. Kwenye daftari nilichora mahali pake tu. Urefu sikuandika.

Nilikuwa nimwambie akirudi. Akarudi — oo, Injinia kafagia! — na nyuma yake akaingia Mama, bado na viatu vya kazi. Akatazama sakafu. Akatazama spana zilizopangwa. Akasema: afadhali.

Ungemwona Mjomba uso wake. Kwa neno moja, afadhali. Nikashindwa kufungua mdomo.

Skrubu ni skrubu. Nadhani.

Ijumaa, 11 Julai

Rejeta mpya imeingia na kasha lake limefungwa. Mjomba anachomoa skrubu kwenye ramani moja moja, wala hazitazami mara mbili. Moja ya kasha iligoma. Akaisukuma bisibisi kwa bega. Hii ina kiburi, akasema. Ikaingia.

Sikula vizuri. Bibi akasema nina mchumba. Hapana, Bibi.

Jumamosi, 12 Julai

Naandika yote kwa mpangilio, maana kichwa changu hakina mpangilio.

Saa nne asubuhi tulimaliza. Tulimaliza! Mjomba alijaza maji, akawasha injini, akawa anaminya mipira ili hewa itoke, mapovu yakawa yanakuja blup, blup, mpaka yakakoma. Akafungua hita. Kwanza baridi. Kisha vuguvugu. Kisha joto kabisa! Bibi akaingia kiti cha mbele na blanketi lake, akagoma kutoka. Mke mwenzangu, akaniita, niletee mto wangu, mimi nimehamia humu. Mama akaweka kiganja mbele ya tundu la joto. Akakiacha pale. Akacheka upande mmoja wa mdomo, akamwambia Mjomba apande, wakajaribu gari mpaka kwenye kona na kurudi.

Waliporudi nikaona kioo.

Ukungu. Mdogo, pembeni. Halafu ule utamu.

Mama akashuka, akazunguka, akagusa zulia la abiria. Akanusa vidole. Hakupiga kelele, na heri angepiga. Alisema tu: Nusunusu. Akaingia ndani.

Mjomba akaanza kufungua upya. Nami nikapokea vitu. Kufika alasiri rejeta ilikuwa nje. Ubavuni ina tundu dogo la mviringo, kama jicho la sindano kubwa. Akachukua skrubu ya kasha, ile yenye kiburi. Ncha yake ilikuwa na maji ya kijani. Akaipima kwenye kidole chake. Akatafuta ile iliyopaswa kuwa hapo, akaikuta kwenye redio — fupi. Akaitazama ramani. Kisha akanitazama mimi.

Hapo hapo Mama akatokea mlangoni. Ni nini?

Mimi, dada, akasema Mjomba. Nimekosea skrubu. Ndefu nimeiweka pa fupi, imetoboa.

Mama akasema: kesho jioni ndiyo mwisho wako. Na kama unataka kuondoka leo, sitashangaa.

Alipokwenda nikamwambia Mjomba nitasema ukweli. Nilikuwa nalia, naandika tu kwa kuwa ndivyo ilivyokuwa. Akasema niache. Mimi nimezoea kulaumiwa, wewe hujazoea. Na fundi hupima skrubu kwa kidole kabla ya kukaza, sikupima, nilikuwa na haraka ya kumaliza. Akacheka kidogo. Mimi! Haraka ya kumaliza!

Akaifunga rejeta kwenye gunia, akachukua sanduku la spana, akaondoka. Hakusema anakwenda wapi. Sikuuliza.

Jumapili, 13 Julai

Asubuhi hakuwepo. Saa nne hakuwepo. Mama akasema: si niliwaambia?

Mama alikuwa anapiga pasi sare yake mpya. Nikasimama upande wa pili wa meza. Nikasema yote: ufagio, kadibodi, kumi na moja, daftari. Nilisema haraka, nisije nikaishia nusu.

Pasi ikasimama.

"Yeye anajua?"

"Alijua jana pale pale."

"Akasema ni yeye."

"Ndiyo, Mama."

Akaiweka pasi wima. Akatazama sare, si mimi. "Kuangusha, hata mimi naangusha," akasema. "Kunyamaza siku nne, hilo tutaongea mimi na wewe. Tena kwa kirefu." Halafu akaniuliza kama Mjomba alichukua sanduku lake. Nikasema alilichukua. Akashika tena pasi, akapiga mkono ule ule wa sare mara tatu.

Adhuhuri Mama alikwenda getini kuangalia kufuli. Baadaye kidogo akaenda tena. Kufuli letu halijawahi kuangaliwa hivyo.

Saa tisa. Amekuja! Vumbi mpaka kope. Tangu alfajiri alikuwa amekaa mlangoni kwa fundi wa kuziba rejeta, Jumapili hafungui, akangoja mpaka mwenyewe akatoka kumwaga maji akamwonea huruma. Tundu limelehemiwa. Limebaki kovu dogo la kijivu. Alimwambia Bibi haya, kibarazani, si Mama. Kwa Mama alisema shikamoo tu, akapita kwenda bandani. Mama akaitikia. Hakusema kwamba anajua.

Nikainuka nimfuate Mjomba. Bibi akanishika kanga. Kaa, mke mwenzangu. Ndugu wakigombana chukua jembe ukalime, wakipatana chukua kapu ukavune. Nikamwambia, Bibi, hawa hawajapatana. Akasema, basi na wewe usiwe na haraka ya kapu.

Kwa hiyo nimekaa dirishani jikoni na daftari hili. Banda liko wazi mbele yangu, hatua ishirini. Saa kumi na moja kasorobo. Rejeta imeingia, nimeiona ikiingia. Dashibodi bado iko chini, na giza litaingia saa moja. Sijui kama atawahi. Kesho alfajiri Mama aondoke, kwa gari lililokamilika au kwa miguu mpaka barabara kuu.

Mama amepita hapa jikoni. Amepakua chakula, sahani moja, amekifunika. Ametoka nacho.

Amesimama mlangoni pa banda. Mjomba amelala chali chini ya usukani, miguu tu ndiyo inaonekana. Mama hamwiti. Sahani ameiweka juu ya boneti.

Mjomba ametoa mkono nje, kiganja wazi. "Injinia, nipe ile ya kasha. Fupi."

Anadhani ni mimi!

Mama ametazama huku dirishani. Amenifanyia ishara kwa kidole: nyamaza. Ameinama kwenye ramani, amechomoa skrubu mbili, anazisimamisha pamoja kwenye kidole chake, karibu na macho, anapima —