Hata Msibani Wananicheka

Mshauri mpendwa, nakuomba unisaidie maana nimefika ukingoni, mimi ni fundi nguo katika kituo cha televisheni, kazi yangu ni kumvalisha mtangazaji wa kipindi cha mazungumzo cha usiku, sasa miezi mitatu iliyopita suruali yake ilichanika nyuma, nikadhani tumeshaingia kwenye matangazo ya biashara, nikatoka na sindano nikamwambia, "Geuka, baba, nilikwambia umenenepa ukasema suruali imesinyaa kwa kufuliwa," kumbe tuko hewani, watu wakacheka mpaka mgeni wake, profesa mzima, akateleza kitini, na tangu hapo mtayarishaji wa kipindi anataka nitokee kila usiku nimkaripie mtangazaji, na mimi sifanyi mzaha, nasema ninachokiona.

Shida ni kwamba sasa nikifungua mdomo popote watu wanacheka, juzi jirani yetu kafiwa na mumewe, nikaenda kumpa pole, nikasema, "Pole, mwenzangu, alikuwa mtu mwema ila mkaidi," waombolezaji wakaangua kicheko, mjane akaniangalia nikatamani ardhi inimeze. Nyumbani namwambia mume wangu roho inaniuma, anashika mbavu, namwambia nitaacha kipindi, anasema, "Rudia tena, na uso huohuo." Na kuna jambo sijamwambia mtu: wiki mbili hizi suruali ikichanika hewani, haichaniki yenyewe, mshono naulegeza mimi. Je, niache?

Fundi Sindano

Fundi, pole, kisha nikukanye. Unanililia kwamba watu wanakucheka, na mshono unaulegeza wewe. Umeipenda kamera, sema hivyo, si dhambi. Dhambi ni kumwaibisha mtu aliyekuamini akakupa mgongo umshonee.

Usiache. Shona mara mbili, ungama kwa mtangazaji kabla hajagundua, kisha mwambie mtayarishaji akupe kiti chako, utokee mlangoni kama wachekeshaji wengine, si kupitia tundu la suruali.

Mumeo usimlaumu sana. Miaka yote alikuwa anakuogopa, ndiyo kwanza kapata ruhusa ya kucheka. Zima televisheni, kaa kando yake, ongea polepole, na shati lake, hata likiwa na doa, usiliguse hata kwa neno.

Lakini mjane umemkosea kweli, hata kama hukukusudia. Nenda kesho asubuhi, watu wakishapungua. Mwombe radhi kwa neno moja, usitoe hotuba. Ingia jikoni, osha masufuria, fagia. Akikuuliza mumewe alikuwa mkaidi vipi, mweleze unavyomkumbuka. Akianza yeye kucheka, hapo nawe cheka.