Mchuzi Niliokatazwa Kuonja

Namalwa, uko? Usinipigie, soma tu. Niko jikoni kwa Mzee Norman, hapa Lavington.

Debra, binti yake, amekuja leo. Yule ambaye hajawahi kushika hata mwiko humu. Nilikuwa nimeweka nyama ya ng'ombe na viazi kwa ile sufuria ya umeme tangu asubuhi, inajipikia polepole. Nikatoka kuanua nguo. Kurudi, nampata amefunua kifuniko, anakoroga.

Nikachota mchuzi niutie kiganjani, vile tunaonja chumvi siku zote. Akanishika mkono. Namalwa, alinishika mkono.

"Leo usionje, Mama Ivyne. Nimemwekea Baba dawa yake ya presha."

Nikamwambia dawa ya presha Mzee humeza na maji, na mimi ndiye humpa. Akacheka. "Umekuwa daktari sasa? Pakua, kisha uende nyumbani mapema."

Nikamuuliza kama na yeye atakula. "Mimi nimefunga."

Debra, amefunga. Huyo hata kanisani huwa anatafuna.

Nimechomoa waya wa sufuria. Mzee anaita kutoka mezani, "Mama Ivyne, hiyo harufu imenimaliza. Imeiva?" Nimesema bado, nyama ni ngumu. Mungu anisamehe, imeiva kitambo.

Siwezi kumwambia, Debra amekaa kando yake. Namba ya Mzee unayo tangu ulipofanya kazi hapa. Mpigie sasa hivi, mwambie asile.

Fanya haraka. Nasikia viatu vya Debra vikija huku, na taa ya sufuria imezima; akiiona atajua nachelewesha chakula makusudi.