Mahudhurio ya Marehemu Wilfred Haslam

Harclough, 14 Agosti

Mwanangu Russell,

Salamu nyingi kutoka nyumbani. Hali yangu ni nzuri, ukiacha goti la kushoto na haya masikio. Siku hizi simu ikiita naiona tu inatetemeka mezani, ndiyo maana nakuandikia. Wewe hujambo huko London? Unakula chakula cha maana, au bado ni vya makopo?

Jana tulifungua msimu. Tumetoka sare ya bao moja kwa moja, na kwa mpira tuliocheza tushukuru. Lakini si mpira ulionichefua. Dakika ya sabini ubao mkubwa ulionyesha mahudhurio: elfu ishirini na sita, mia nne na kumi na moja. Uwanja umejaa, eti. Jukwaa zima likacheka. Mbele yangu tu nilihesabu viti vitupu mia mbili na kitu, vyekundu, vinang'aa kwa jua. Hawa wanahesabu kadi za msimu zilizouzwa, hawahesabu makalio. Wenye kadi wako Hispania wanaota jua, na huku binti wa jirani yangu yuko kwenye orodha ya kusubiri kiti mwaka wa sita. Ni uongo wa mchana kweupe, na unanitia kinyaa.

Koti la baba yako nililiweka kwenye kiti chake, namba 88, kama kawaida. Ni mwaka wa tatu sasa tangu tumzike. Kadi yake ya msimu nimeilipia tena, kwa hiyo usinianze.

Mama yako


London, 2 Septemba

Mama mpendwa,

Shikamoo. Mimi mzima, nakula vizuri, usiwe na wasiwasi. Pole kwa goti.

Nina habari ambayo nilitaka uipate kwangu kwanza. Kampuni yetu imepewa kazi na klabu. Ndiyo, klabu yetu, ile ile ambayo Baba alikuwa ananibeba mabegani kwenda kuiona. Kuanzia msimu huu sisi ndio tunaosimamia tiketi, na kazi ya kwanza ni hilo hilo unalolilalamikia, viti vilivyouzwa ambavyo havikaliwi. Orodha ya kusubiri ina watu elfu kumi na moja, Mama. Kadi ikipitishwa getini mashine inajua, isipopitishwa inajua pia. Atakayekosa mechi tano za nyumbani, kiti chake kinachukuliwa na kupewa mtu atakayekuja. Kanuni hiyo nimeiandika mimi mwenyewe, na nilipokuwa naiandika nilikuwa nakuwaza wewe.

Sasa nakuomba. Kiti cha Baba kirudishe mwenyewe, kwa heshima, kabla mashine haijakifikia. Sitaki barua ya klabu ije pale nyumbani kwa jina lake.

Mwanao,
Russell


Harclough, 9 Septemba

Russell,

Salamu nimeziona. Goti vile vile.

Barua yako nimeisoma mara mbili, mara ya pili nikiwa nimesimama. Yaani unanilinganisha na wale wa Hispania? Baba yako amekaa kwenye kile kiti miaka arobaini na moja. Alikuwepo siku tuliposhuka daraja, watu mia tisa uwanja mzima, mvua ya mawe inatupiga usoni, naye ananigawia chai na kuniambia mwakani tutapanda. Siku uliyozaliwa alikuja hospitali na matope ya uwanjani kwenye viatu, nesi akamtoa nje. Leo niletewe mtu nisiyemjua, tukae bega kwa bega, nimwone anatafuna? Sitaki. Utanisamehe, lakini sitaki.

Hao watu wako wanaosubiri wape viti vya wasiokuja. Wilfred anakuja. Anakuja na mimi.

Na hilo neno lako, kwa heshima, libaki huko huko London.

Mama


London, 20 Novemba

Mama,

Shikamoo. Natumaini baridi haijakubana sana.

Nimekuwa nasubiri jina la Baba litokee kwenye orodha ya wasiohudhuria. Halijatokea. Nikafungua rekodi yake. Mechi nane, mara nane amepita geti la kumi na mbili, kila mara sekunde nne kabla yako. Nilibaki nakodolea macho ile skrini kama mjinga.

Nani anapitisha hiyo kadi? Mama, huu ni udanganyifu. Kanuni inasema anayefanya hivyo anafungiwa, na anayemsaidia anafukuzwa. Rekodi nimeifunga, sijamwambia mtu yeyote. Lakini acheni. Tafadhali.

Russell


Harclough, 4 Desemba

Mwanangu,

Barua nimeipata. Baridi imebana, nalala na soksi pea mbili. Na wewe vaa vizuri.

Ni Cyril wa getini. Unamkumbuka, alikuwa fundi wa mitambo pamoja na baba yako kiwandani, na ndiye aliyebeba jeneza upande wa kulia mbele. Napitisha kadi ya baba yako, Cyril anauzungusha ule mlango wa chuma bila mtu ndani, halafu napita mimi. Anasema, "Pita, Wilf." Halafu, "Pita, Doreen." Anasema kwa midomo tu, bila sauti, kama tulivyokuwa tukisemezana kiwandani penye kelele za mitambo, kwa hiyo yeye namwelewa kuliko wote. Wala hatukuanza kwa ajili ya kanuni yako. Tulianza Jumamosi ya kwanza baada ya mazishi, na hatujamwibia mtu.

Ukitaka wizi, ngoja nikuonyeshe. Vile viti ulivyovichukua umempa nani? Binti wa jirani bado anasubiri. Timu kubwa ikija bei inapandishwa, basi wanaokuja ni wageni wa siku moja. Jumamosi walikaa wanne mbele yangu, wamevaa skafu zenye rangi za timu zote mbili, nusu huku nusu kule. Wanajipiga picha, mgongo kwa uwanja. Goli letu la pili hawakuliona. Dakika ya sabini na tano wakainuka kuwahi treni, wakaacha pai nne chini ya viti, kila moja imeumwa mara moja. Mchuzi ukawa unatiririka kwenye ngazi kuja miguuni pangu. Nilitaka kutapika, Russ. Vilipokuwa vitupu vilikuwa na adabu zaidi.

Krismasi unakuja?

Mama


London, 11 Aprili

Mama,

Shikamoo, na samahani kwa kimya, na kwa Krismasi. Sikujua nikija nitakuambia nini.

Limetokea balaa. Klabu iliomba majina ya wale waliohudhuria mechi zote za nyumbani bila kukosa hata moja. Mashine ikatoa majina tisa na kuyatuma moja kwa moja, mimi nikiwa likizoni. La kwanza kwenye orodha ni la Baba. Lako halimo. Ulikosa mechi moja ya Februari, yeye hakukosa. Nadhani ulikuwa unaumwa ukampa Cyril kadi yake.

Wanataka kumwita katikati ya uwanja wakati wa mapumziko, mechi ya mwisho, wamvishe skafu mbele ya watu wote. Barua ya mwaliko itafika wiki hii. Nakuomba kitu kimoja tu, Mama. Waandikie kwamba anaumwa na hawezi kuja. Watamtumia skafu kwa posta na mambo yataisha. Ukisema ukweli, kazi yangu imekwisha, na ya Cyril imekwisha kabla ya yangu.

Mwanao,
Russell


Harclough, 8 Mei

Mwanangu Russell,

Salamu. Ile homa ya Februari ilikwisha zamani, ungeuliza wakati ule.

Kweli nilikusudia kuandika kwamba anaumwa. Nilikaa mezani na kalamu. Nikaandika "Mume wangu anaumwa," nikaitazama, nikaona sina tofauti na ule ubao wao, nikaichana. Basi nikaenda mwenyewe, koti lake mkononi. Sikuwa nimepanga kusema lolote. Nilidhani nitapokea hiyo skafu kwa niaba yake, nirudi nikakae.

Walitupanga kwenye nyasi, wanaume wanane na mimi. Mwenye klabu alikuwa pembeni anaangalia saa yake. Mtangazaji akaniinamia na kipaza sauti, nikamsoma midomo: "Na mzee wetu Wilfred, leo yuko wapi?" Alikuwa anaichekea kamera wakati ananiuliza. Meno yote nje. Kichefuchefu kikanipanda mpaka hapa, nikajua nisiposema nitamtapikia viatu.

Nikasema, "Wilfred amekufa. Huu mwaka wa tatu. Na nyinyi mmemhesabu kila Jumamosi."

Naambiwa jukwaa letu lilicheka. Mtangazaji akanivisha skafu hivyo hivyo, kwa sababu ilikuwa kwenye ratiba, akasogea kwa mwingine. Nikarudi kitini. Dakika ya sabini ubao ukawaka: elfu ishirini na sita, mia nne na kumi na moja. Namba ile ile ya Agosti, haijapungua hata mtu mmoja. Walikuwa bado wanamhesabu.

Najua nimekuponza. Cyril sikumfikiria hata kidogo wakati ule, na hilo ndilo linaloniuma kuliko yote. Kama kuna neno unaweza kumsemea huko ofisini, msemee yeye, mimi niache. Niandikie upesi.

Mama yako


Idara ya Tiketi
30 Mei

Kwa Bi. D. Haslam

YAH: KADI ZA MSIMU, JUKWAA LA MASHARIKI, NAMBA 87 NA 88

Kutokana na ukiukaji wa kanuni za mahudhurio, kadi zote mbili zimefutwa na viti vitagawiwa upya. Hutaruhusiwa kununua tiketi ya mechi yoyote ya nyumbani kwa misimu mitatu. Mfanyakazi wa geti la kumi na mbili ameachishwa kazi.

Tunathamini uaminifu wako kwa klabu.

R. Haslam
Mkuu wa Mahudhurio


Harclough, 20 Agosti

Russell,

Salamu. Hali yako sikuulizi, cheo kimenijibu.

Ile barua nimekaa nayo karibu miezi mitatu, na nyingine kutoka kwako haijaja. Nilijiambia kwamba sahihi imewekwa na mashine, kama mnavyofanya kila kitu. Ungeniambia hivyo ningekuamini. Wiki iliyopita nikaigeuza karatasi, nikapapasa nyuma ya sahihi kwa kidole, nikakuta kalamu imekandamiza. Umekandamiza sana, vile ulivyokuwa unaandika shuleni ukiwa na hofu. Nilienda jikoni nikasimama kwenye sinki, nikidhani nitatapika. Nimeona viti vitupu, nimeona pai na mchuzi, nimeona meno ya yule mtu wa kipaza sauti, na hakuna kilichowahi kunitia kinyaa kama mwandiko wa mwanangu. Halafu nikakuonea huruma, nikachukia kwamba nakuonea huruma. Kadi zote mbili zimo humu kwenye bahasha. Nimezikata kwa mkasi wa kukatia kuku.

Nimesikia 87 na 88 sasa ni vya kampuni fulani, inavigawa kwa wateja wake. Binti wa jirani ameacha kusubiri.

Jana nilikwenda Mill Lane, kwa ile timu iliyokuwa ya kiwanda. Kule hakuna viti, watu wanasimama nyuma ya kamba, na chai inatolewa kwenye dirisha la kontena. Chai yenyewe mbaya. Tulifungwa matatu. Langoni kuna meza moja na kopo la biskuti la kuwekea chenji, na aliyekaa nyuma ya meza alikuwa Cyril. Hatukuwa tumesemezana tangu afukuzwe, nilikuwa nikivuka barabara nikimwona. Jana ndiyo nilikwenda makusudi kumwomba radhi, maneno nimeyapanga njia nzima. Hakunipa nafasi ya kuyasema. Alichana tiketi mbili kwenye kitabu chake, akanitazama, akasema kwa midomo, "Pita, Wilf." Halafu, "Pita, Doreen."

Nililia kidogo pale kwenye kontena, wakanipa chai ya pili.

Wakati wa mapumziko huwa anaandika mahudhurio ukutani kwa chaki. Aliandika mia moja arobaini na tatu. Unanijua nilivyo. Nikazunguka uwanja mzima na goti langu hili, nikahesabu vichwa, na yeye mwenyewe nikamtia humo, na mwenye chai, na mimi. Nikarudia tena kutoka upande wa pili. Walikuwa mia moja arobaini na wawili.

Sikumsahihisha.

Mama