Ulichoniuliza Kwenye Simu

Ghorofa ya pili, juu ya duka la viatu
Jumapili, 9 Machi

Mpendwa Shangazi,

Shikamoo. Hujambo wewe na goti lako? Sisi wazima. Mtoto, ambaye baba yake anamwita Meneja kwa sababu akilia kazi zote zinasimama, ameota meno mawili na ananing'ata.

Nakuandikia kukushukuru. Baada ya kujifungua, kila aliyepiga simu aliuliza habari za mtoto. Wewe uliuliza, "Na wewe, mkojo unakaa?" Nikakimbilia kukuuliza habari za goti, ukajua. Nilikuwa nikikohoa, navuja. Nikimbeba mtoto ngazini, chini kunakuwa kuzito kana kwamba kitu kinataka kutoka. Mama mkwe, tunayeishi naye, alisema ndivyo walivyo wote waliozaa, nitazoea. Nami nilikuwa nimeshamwambia mhariri atafute msomaji mwingine wa habari, maana sikutaka kulowa nikiwa hewani.

Nilikwenda kliniki kama ulivyosema. Kuna mtaalamu wa mazoezi ya viungo, mama mfupi asiyecheka ovyo. Nikamweleza kwamba mazoezi ya kubana misuli ya chini nayafanya, tena kwa bidii. Akataka nimwonyeshe, kiganja chake tumboni kwangu.

"Kazi yako nini?"

"Nasoma habari redioni."

"Nilijua ni redio au tarumbeta. Unajaza pumzi, unaifungia, unasukuma. Kitu unachotaka kukiinua, wewe unakishusha."

Ndivyo nilivyofunzwa kazini: jaza tumbo, shikilia mpaka nukta. Kumbe misuli ya chini, inayobeba kibofu na kizazi, nilikuwa naichosha zaidi. Akanifundisha kuibana kama mtu anayezuia ushuzi mbele ya wageni, kuivuta juu huku napumua kawaida, kisha kuilegeza kabisa. Na kubana kabla ya kukohoa au kumnyanyua mtoto.

Ilichukua miezi. Mume wangu akinikuta jikoni nimetulia, macho darini, anamnong'oneza mwanawe, "Usimsumbue mama, yuko mazoezini."

Uzito umeondoka. Nikikimbia bado navuja kidogo, na mtaalamu anasema tuendelee. Lakini mhariri hakumpa mtu kiti changu, na Jumatatu iliyopita nilirudi. Nilisoma taarifa nzima nikifikiria habari tu.

Juzi mama mkwe alinifuata chumbani, akafunga mlango, akaniuliza kama kliniki ile inapokea wanawake wa umri wake. Kesho nampeleka.

Wasalimie mumeo na wanao, Kibonge na dada yake. Mungu akutunze, akuachie huo mdomo wako usiozunguka.

Ni mimi, mtoto wa kaka yako, nikupendaye daima.