Mlamula Niliopanda Ubavuni Pako

Baba Novatus,

Senene wameanguka wiki hii. Nimekaa jikoni kwenye lile benchi lenye mguu mfupi, ambalo uliahidi kulitengeneza Jumamosi bila kusema ni Jumamosi ipi. Nimewanyonyoa peke yangu, mabawa huku, miguu kule, nikawakaanga kwa chumvi. Walipoiva nikageuka na sahani nikupe wewe kwanza, kama nilivyozoea, nikabaki nimeishika. Bibi zetu hawakuruhusiwa kula senene, waliwakaangia waume tu, na wewe ulipenda kunikumbusha hilo huku ukinisogezea sahani nile. Safari hii nimewala wote mwenyewe na sikuona utamu wao.

Nakuandikia kwa sababu kuna jambo, na sina mwingine wa kulisema naye. Mwezi uliopita, Jumapili baada ya misa, mdogo wako Kaijage alipita hapa. Unajua tangu uondoke yeye ndiye mkuu wa ukoo, na cheo kimemkaa vizuri, hata kutembea anatembea polepole siku hizi. Akakaa, akanywa maji, akasema, "Shemeji, watoto wakirudi Krismasi, ukoo utakaa. Tutaongea habari za kibanja. Na habari zako."

Habari zangu. Novatus naye amenitengea chumba nyumbani kwake Nyanga, chenye bomba na umeme, na kanisa liko karibu. Kila akipiga simu ni neno lile lile: mama, uje upumzike. Binti yetu Adventina naye kutoka Mwanza anasema nipumzike. Hakuna anayenifukuza, baba Novatus. Wangenifukuza ningejua la kufanya, maana kugomba unanijua. Lakini utagombana vipi na mtu anayekuambia upumzike?

Ninachotaka mimi ni kidogo. Nataka kubaki hapa Kishanda, katika migomba hii, na siku yangu ikifika nilazwe ubavuni pako. Hilo hakuna aliyelitamka, na mimi sikujua pa kuanzia kulitamka. Kibanja hiki, nyumba na migomba na makaburi yake, ni cha ukoo, na ukoo wangu, kwa hesabu ya watu wa hapa, uko Kiziba.

Kiziba! Wewe ndiye uliyelikuza neno hilo. Unakumbuka siku nilipofika shuleni kwenu, msichana mwenye sanduku la bati na barua ya kazi? Mwalimu mkuu aliniuliza kama nimekula. Wewe, mwalimu wa historia, mwenye suruali ya chaki magotini, uliniuliza, "Mwalimu, wewe ni wa utawala gani?" Hukuuliza kijiji wala wilaya. Machifu walishaondolewa tukiwa bado watoto wa kufukuza ndege kwenye ulezi, na wewe unaniuliza utawala. Nikakujibu mimi ni wa utawala wa chaki kama wewe. Ukacheka, kisha ukasema, "Hapana. Hiyo sauti ni ya Kiziba."

Wiki ile ile ulifundisha lile somo lako la majivu. Ulibeba majivu ya jikoni kwa ndoo, ukachora uwanjani Buhaya yote kama ilivyokuwa kabla ya wageni. Ziwa huku, upande wa mwembe wa ofisi. Kiziba kule juu, jirani na Buganda. Kisha Bugabo, Maruku, Kianja, na Ihangiro yetu hapa chini, na Karagwe kule machweo, karibu na Wanyarwanda. Kila nchi na mfalme wake, Mukama, na ngoma yake, na ndani ya kila nchi ukachora gombolola, yaani tarafa zake, ukawaeleza watoto kwamba hata neno hilo tulilipata Buganda, na kwamba huku mpakani hakuna mtu aliyewahi kuwa wa kabila moja tu mpaka kwa bibi yake. Kisha ukasema kila mtu asimame katika nchi ya babu yake. Darasa zima likajazana Ihangiro, wakikanyagana. Ukanigeukia mimi niliyesimama pembeni. "Na mwalimu mgeni, tafadhali, aende kwao."

Nikaenda. Kiziba yako ilikuwa karibu na vyoo, na nikasimama pale peke yangu, juani, watoto wakicheka mpaka wanashika matumbo. Nilitamani ardhi inimeze. Ndipo ukatangaza, "Sasa Mjerumani amejenga boma pale Bukoba, na Bakama wote wako chini ya bendera moja. Baadaye Mwingereza amekuja, naye ameiacha hivyo hivyo. Wilaya ni moja." Ukaja ukitembea juu ya majivu, ukifuta mipaka kwa viatu, Kianja ikafutika, Maruku ikafutika, ukanishika mkono mbele ya darasa la sita ukanirudisha kwa watu. Mkono wako ulikuwa na majivu. Uliposema baadaye kwamba lilikuwa somo tu, nilijua unadanganya, na wewe ulijua kwamba najua.

Tangu hapo nikawa "mtu wa Kiziba" wako. Nikiunguza ndizi, "ndivyo wanavyopika Kiziba." Nikishinda hoja, "hawa watu wa Kiziba walisomeshwa mapema, wametuharibikia." Hata kitandani ulichora mpaka kwa kidole katikati ya godoro, huku Kiziba, huku Ihangiro, kisha ukalala umejitandaza mpaka ukutani, na mimi nimebaki na kipande cha kuning'iniza mguu. Nikilalamika unasema Mwingereza ameshaunganisha wilaya. Baadaye Muleba ikatengwa na Bukoba, na kwetu wakaanza kupaita Missenyi, na kila serikali ilipochora upya ulikuja nyumbani na habari hiyo kama mtu aliyeuziwa mbuzi mgonjwa. "Wamenihamisha tena," unasema, "na mimi sijanyanyua hata kiti."

Siku ya mazishi yako mtoto wa Kaijage alisoma wasifu. Aliusoma vizuri, sauti ilisikika mpaka barabarani. Shule ulizofundisha, vyeo vya parokiani, yote. Mwishoni akasema, "Marehemu ameacha mjane, mwenyeji wa Kiziba, na watoto wawili." Mwenyeji wa Kiziba. Nimelima hapa, nimezaa hapa, nimewauguza baba yako na mama yako mpaka wakafumba macho mikononi mwangu. Maneno yalikuwa yale yale ya kwako, lakini hayakuwa na mtu anayecheka ndani yake. Nililia, na wanawake wakanishika wakidhani nakulilia wewe. Nilikuwa nakulilia wewe pia, lakini nilikuwa na hasira.

Basi baada ya Kaijage kuondoka Jumapili ile, nilikaa na kuwaza siku mbili tatu, kisha nikasema, kama mimi ni wa Kiziba, basi niende Kiziba. Nikaulize kama huko wana nafasi ya kunilaza. Niliondoka alfajiri kwa bodaboda hadi Muleba, nikapanda basi la Bukoba, nikashuka nikapita Miembeni kununua mikate na sukari, maana mtu haendi kwao mikono mitupu, kisha gari la Kanyigo. Njiani moyo ulikuwa unapiga kama wa mtoto anayerudi likizo.

Kaka Method amezeeka, macho hayaoni vizuri, lakini alinikumbatia kwa muda mrefu. Nyumba ya baba wameibomoa, wamejenga ya bati jekundu. Wakaniketisha kwenye sofa. Nilitaka kukaa chini kwenye majani na wanawake, kama zamani, mke wa Method akasema kwa heshima, "Aa, waitu, huwezi kukaa chini wewe." Kisha akaingia ndani, akatoka na kikapu kidogo cha kahawa za kutafuna, akapiga magoti, akanipa kwa mikono miwili.

Unajua, baba Novatus, kikapu kile huletewa nani. Katika nyumba ile mimi ndiye niliyekuwa nakipeleka. Mgeni akiingia, mama ananitazama tu, na mimi nakimbia ndani kuchukua kahawa. Sasa nimeletewa mimi. Nikachukua punje mbili nikatafuna, nikashukuru kama mgeni anavyoshukuru. Mjukuu wa Method alipoingia wakamwambia, "Msalimie bibi wa Ihangiro." Jioni Method akaniuliza kwa upole, akiwa amegeuzia uso upande wa sauti yangu, "Dada, utalala au kuna gari la kurudi?"

Nililala usiku mmoja. Lile nililokuwa nimeliendea sikulisema. Wamenipenda, sikatai, wamenichinjia kuku na kunifungia ndizi za kurudi nazo. Lakini nilipokuwa kwenye gari nilijiona tena pale uwanjani, nimesimama peke yangu juu ya majivu, na safari hii sikuona hata ile Kiziba ya karibu na vyoo. Na wewe hukuwepo wa kuja kunishika mkono. Nililia kimyakimya hadi Kemondo, nimejifunika khanga usoni kama mtu anayeogopa vumbi.

Nilipofika nyumbani sikuingia ndani kwanza. Nilikwenda moja kwa moja kule chini, kwenye mstari wa milamula aliyoipanda baba yako. Nakumbuka wiki ya kwanza ya ndoa yetu alivyonitembeza kuzunguka kibanja, akigusa kila mlamula kwa fimbo. "Mwanangu, huu ndio mpaka. Mtu hang'oi mlamula peke yake. Anayeung'oa peke yake ni mwizi, hata kama ni baba wa nyumba. Ukitaka kuuhamisha, mwite mwenzako wa upande wa pili, mshike wote wawili." Nilikata tawi moja zuri, nikachukua jembe, nikaenda kwenye kaburi lako. Upande wa kulia umelala na baba yako. Upande wa kushoto kuna uwazi, halafu mibuni. Nikachimba mwanzoni mwa mibuni, nikapanda mlamula wangu, nikashindilia udongo kwa kisigino. Sikumuuliza mtu. Nilijua wakitaka kuung'oa itabidi waning'olee mbele ya macho yangu, Krismasi, na wanangu wakitazama.

Kaijage alikuja juzi kuangalia ndizi za pombe ya sikukuu. Nilimwona toka jikoni akipita makaburini, akasimama. Akavua kofia. Nami nikatoka, nikafuta mikono kwenye khanga.

"Shemeji, huu mlamula umetoka wapi?"

"Nimeupanda mimi."

"Mpaka wa nani na nani?"

Nilikuwa nimejiandalia maneno mengi, ya kisheria na ya kidini, na yote yalinikimbia. Nikasema, "Hapo ni pangu. Nimekwenda Kiziba wakanipa kahawa za mgeni. Sina pengine, Kaijage." Na machozi yakanitoka mbele ya shemeji yangu, jambo ambalo hata wewe hukuliona mara nyingi.

Aliinama akaupima ule uwazi kwa macho, kutoka kwenye saruji ya kaburi lako hadi kwenye mlamula. Akakuna kidevu vile unavyokuna wewe, mpaka nikageuza uso. Kisha akasema, "Umejibana sana. Hapa hata mtoto hatoshi. Nyie watu wa Kiziba mmejaa kusoma tu, kupima hamjui."

Akaushika mlamula kwenye shina. Nikadhani ameamua kuung'oa. Akanitazama. "Shika na wewe. Mtu mmoja haruhusiwi."

Tukaung'oa wote wawili. Tukasogea mpaka ndani ya mibuni, akakata mbuni mmoja mzee uliokuwa unaziba, akachimba yeye, tukapanda upya. Akamwaga maji. Alipokuwa anavaa kofia akasema habari zangu hazitakuwepo kwenye kikao, kikao kitaongea kibanja tu, na Novatus akitaka kunipumzisha aje anipumzishe hapa hapa. Kisha akaenda zake kwenye ndizi, polepole, kwa ule mwendo wake mpya.

Mimi nikaingia ndani nikalia upya. Tangu ufe, huyu ndiye mtu wa kwanza kunitania. Wote wengine wamekuwa wakinionea huruma na kuniita mama kwa sauti ndogo.

Usidhani sasa nimepona. Nyumba ni kimya, baba Novatus. Bado napika ndizi nyingi, na asubuhi nawapa jirani chungu kizima. Redio nikiifungua hakuna wa kubishana nayo. Mvua ikianza naamka kuuliza kama umefunga dirisha, na nusu ya godoro iko baridi, Ihangiro nzima iko wazi na mimi bado nimelala kwenye kipande changu cha Kiziba, ukingoni. Nimejaribu kusogea katikati. Siwezi.

Lakini asubuhi hii nimepita kukuangalia, na mlamula umesimama wima, haujanyauka. Utashika. Sina haraka, kuna kahawa ya kuchuma na wajukuu wanakuja Krismasi, nitakaakaa kwanza. Wewe lala. Ila nafasi niliyopewa ni ile ile tuliyopima na Kaijage, haiongezeki, na mimi nakujua. Usijitandaze upande wangu.

Mkeo,
Mama Novatus, wa hapa Kishanda